Kaseti Niliyomtumia Yaya

Mimi ni mtu wa hasira, na wote waliocheza nami wanajua. Katika chuo cha Marekani nilikosomea, picha yangu bado imetundikwa mlangoni mwa ukumbi wa mpira wa kikapu. Niko hewani, mkono mmoja umeshika mpira, uso umekunjamana kana kwamba kikapu kimenikosea. Wageni hudhani ule ni uso wa ushindi. Siku ile nilikuwa nimemkasirikia kaka yangu, na kaka yangu alikuwa amekwisha kufa. Ulikuwa mwaka wa tatu amelala kaburini kwetu Butembo, mashariki mwa Kongo, nami sikujua.

Baadaye nilimgombeza kwa kaseti nzima, pande zote mbili, na mama yangu akaisikiliza. Mambo mengine ya maisha yangu ya mpira yameandikwa na wengine, tena kwa sifa nisizostahili. Hili la kaseti nimelibeba peke yangu, na limenichosha.

Tulizaliwa wawili tu, jambo la kushangaza kwa sisi Wanande, watu wa Butembo. Baba alifariki nikiwa darasa la tatu. Kaka yangu, ambaye nilimwita yaya kama kwetu wote wanavyomwita ndugu mkubwa, aliacha shule na kwenda kupima magunia ya kahawa kwenye depo ya mfanyabiashara mmoja. Mama alipanda lori kila juma hadi Alimbongo kununua viazi na vitunguu, akarudi midomo imepasuka kwa baridi ya kule juu. Hatukulala njaa. Lakini ukiniuliza nani alinilea, nitasema yaya, na mama mwenyewe hakatai.

Yaya alikuwa mfupi, mapaja mazito, na mpira ulimtii. Kwenye uwanja wa parokia, udongo mwekundu uliokanyagwa mpaka ukawa mgumu, hakuna aliyeweza kumnyang'anya. Mimi nilirefuka ghafla nikiwa na miaka kumi na minne. Fundi cherehani alikataa kuongeza tena kitambaa chini ya suruali yangu. Alisema afadhali anishonee sketi. Yaya alicheka, kisha akachukua mkanda wa chuma wa pipa bovu, akaukunja duara na kuupigilia kwenye mkaratusi nyuma ya nyumba yetu.

"Urefu hapana kazi," aliniambia. "Mukaratusi pia ni mulefu, na hapana inacheza."

Kila asubuhi kabla ya depo kufunguliwa alisimama chini ya mti ule, mikono kiunoni, nami nikarusha. Nilikuwa na kosa moja: kiwiko changu kilitoka nje kama bawa la kuku. Yaya alikuwa analiona hata akiwa amenipa mgongo. "Coude ndani!" Kiwiko ndani. Nilisikia maneno hayo mara nyingi kuliko Baba Yetu uliye mbinguni.

Vita ya kwanza ilipita kwetu kwa haraka, tukadhani yamekwisha. Ya pili ilikuja ikakaa. Askari waliweka magari yao kwenye uwanja wa parokia, wakaanika nguo kwenye milingoti ya vikapu. Siku moja nilipita na mtungi wa maji, mmoja akaniita kwa Kilingala, "Yo molai, yaka awa!" Wewe mrefu, njoo hapa. Aliniangalia kama wanunuzi wanavyoangalia ng'ombe, akauliza nina miaka mingapi. Yaya alifika mbio kutoka depo, akamwambia nina ugonjwa wa kifua, nami nikakohoa mpaka machozi yakanitoka. Yule askari alicheka. Alisema atarudi kuona kama nimepona.

Jioni ile ile yaya alimwambia mama kwamba nitaondoka. Kulikuwa na kocha wa shule moja ya Kampala aliyeniona nikicheza Beni, kwenye mashindano ya mwisho kabla barabara haijaharibika. Alikuwa ametuma barua kwa mkono wa wachuuzi: nikifika, nitapata kitanda na masomo. Mama hakulia. Aliuliza tu kama Kampala kuna baridi.

Tuliondoka Butembo kwa lori la msafirishaji mmoja Mwislamu wa Beni, mtu aliyesali bila kukosa na kutania bila kupumzika. Yaya alinisindikiza mpaka Kasindi, mpakani. Pale kwenye kizuizi cha duane, yaani forodha, nilianza kulia mbele ya watu wote.

"Mulefu hivi na unalia?" yaya alisema. "Batu ba duane batasema nini? Enda. Dimanche ya kwanza ya kila mwezi nitakuwa kwa foni. Utanisikia."

Foni ilikuwa redio ya kuzungumza na watu wa mbali. Nyumba yake ilikuwa Rughenda, karibu na uwanja wa ndege, na watu walipanga foleni hapo kuongea na jamaa zao huku wengine wote wakisikia. Nilivuka. Nilipogeuka, yaya alikuwa amepanda juu ya gunia ili anione, na akapiga kelele: "Coude ndani!" Askari wa pande zote mbili wakacheka. Nami nilicheka, nikaenda.

Dimanche ya kwanza, Jumapili ya kwanza ya mwezi, nilikuwa Kampala, kwenye duka la watu wetu lililokuwa na foni. Nilisikia sauti ya mama. Nilimwomba yaya. Mashine ilikoroma, kisha mama akasema yaya ametumwa Mabalako kwenye mashamba ya kahawa ya tajiri wake, na kule hapana foni. Dimanche ya pili, Mabalako. Ya tatu, Mabalako. Nikawa nawauliza wachuuzi wa kutoka nyumbani waliofikia pale dukani. Mama mmoja aliyeuza vitenge, muumini wa parokia yetu, aliinamisha macho akatafuta kitu kwenye mkoba wake ambacho hakukipata.

"Iko," alisema. "Anafanya kazi sana. Umekula weye?" Akaninunulia mkate na chai, akaniangalia mpaka nikamaliza.

Ningepaswa kujua. Hapa ndipo ninapojichukia. Kwetu habari ya kifo haitumwi kwa mtu aliye mbali na peke yake. Haisemwi kwa foni, haiandikwi kwenye barua. Mtu huitwa nyumbani, anapewa maji anawe, anakula kwanza, anakalishwa chini, na watu wawili wazima wanakaa ubavuni mwake ili wamshike. Ndipo anaambiwa. Kabla ya hapo kila anayemjua, hata awe mpita njia, ana wajibu wa kusema marehemu yupo. Mimi mwenyewe niliwahi kufanya hivyo. Msichana wa jirani yetu alikuwa anasoma Kisangani, baba yake akafariki, na tulipokutana naye kwenye foni yaya alinisukuma nami niseme neno. Nilisema, "Papa yako iko shambani." Nilisema vizuri sana, yaya akanisifu. Miaka michache baadaye nikaambiwa neno lile lile, nami nikalimeza lote.

Nadhani sikutaka kujua. Au labda hakuna anayejiona mwenyewe yuko upande ule wa foni.

Kutoka Kampala nilipata nafasi Marekani, katika mji wa kaskazini ambako theluji iliingia mpaka kwenye soksi. Sitaeleza sana. Mwaka wa kwanza nilikaa benchi nikijifunza Kiingereza cha kocha, ambacho kilikuwa zaidi matusi. Mwaka wa pili mchezaji mmoja aliumia, nikaingia, na sikutoka tena. Waliimba jina langu vibaya, watu elfu kadhaa, na bado lilinipendeza. Nilikuwa nacheza kwa ubishi. Kila niliposimama kwenye mstari wa kurusha mipira ya adhabu, nilisema kimoyomoyo maneno ya yaya, na mpira uliingia. Nilitaka aone. Hilo ndilo nililolitaka kuliko kombe lolote: yule mtu mfupi akae mahali fulani kwenye viti vile vya kukunja, aseme kosa langu liko wapi.

Lakini yaya alikuwa Mabalako. Foni ya Rughenda ikaachiwa wengine, ikaja simu ya setilaiti, na mama akaanza kusema nami kwa dakika chache. Yaya anakusalimia. Yaya alikuwa hapa jana, amerudi shambani. Nilituma picha. Nilituma gazeti. Nilipanga na mama, mwezi mzima kabla, kwamba siku fulani saa fulani yaya awepo, liwalo na liwe. Siku ilifika. Simu ikalia, nikasikia mama na nyuma yake mjomba akikohoa.

"Yaya yako iko na homa kidogo," mama alisema. "Hapana aliweza kushuka."

Nilikata simu. Nilimkatia mama yangu simu, na sijawahi kufanya hivyo kabla wala baada. Ilikuwa Jumapili mchana, wenzangu walikuwa wamekwenda kula. Nilichukua redio ya mwenzangu wa chumbani, nikaweka kaseti tupu, nikabonyeza. Nakumbuka maneno yale kwa sababu baadaye niliyasikia tena.

"Yaya, ni miye. Natumaini batakuletea hii kaseti kule kwa makahawa yako, kwa sababu kwa simu unakataa kufika. Weye ni mutu gani? Mama ni muzee, anatembea mpaka kwa simu kila mwezi. Weye mwanaume wa miguu mizima, hapana. Miye najua ni nini. Ni jalousie, ni wivu. Ni weye ulinifundisha, na sasa batu banapigia miye mikono, roho inakuuma. Sawa. Kaa na roho yako. Kuanzia leo batu wakiniuliza, nitawaambia mama yangu alizaa mutoto mumoja tu. Unasikia? Mumoja."

Niliendelea hivyo mpaka upande wa kwanza ukaisha. Nikageuza. Upande wa pili nilianza tena kwa ukali, lakini hasira yangu ilikuwa imechoka, na bila kujua nikaanza kumsimulia mchezo wa wiki ile. Jinsi beki wao alivyonivuta jezi. Jinsi nilivyopewa mipira miwili ya adhabu zikiwa zimebaki sekunde nne, ukumbi mzima unazomea, nami nikasema kwa sauti, coude ndani, mpaka mwamuzi akaniangalia. Nilimweleza kila pasi. Nilimuuliza kwa nini mkono wangu wa kushoto unachelewa. Nilicheka mahali fulani. Kisha nikakumbuka kwamba nimekasirika, nikamtukana tena kidogo kwa ajili ya heshima yangu, nikazima.

Kaseti ilisafiri na mwanafunzi mmoja mpaka Kampala, na kutoka Kampala na wachuuzi. Ilichukua miezi mitatu. Nilipompigia mama alisema, "Ilifika, mutoto wangu. Tumeisikia. Sauti yako imekuwa nene." Kwa kiburi sikuuliza yaya amejibu nini.

Nilimaliza chuo miaka miwili baadaye. Timu moja ya Ulaya ilinitaka, na kabla ya kwenda huko niliamua kurudi nyumbani; watu walisema barabara imepoa. Ndani ya mkoba wangu kulikuwa na viatu vipya vya mpira, namba ya mguu wa yaya. Nilikuwa nimepanga kumrushia kifuani, nimwambie amenikosea, halafu tukumbatiane. Nilikuwa nimeifanyia mazoezi hotuba ile.

Kasindi nilimkuta yule yule msafirishaji wa Beni. Nywele zilikuwa zimeota mvi, utani uleule. Alisema nimerefuka mpaka lori lake litahitaji kutobolewa paa, akanikalisha mbele karibu naye, akafungulia redio ya muziki. Tulikwenda vizuri. Tulipovuka daraja la Semuliki na kuingia kwenye mbuga, alizima redio. Akapunguza mwendo. Penye mteremko mmoja, pasipo na nyumba wala duka, aliondoa mkono mmoja kwenye usukani, akaukunjua juu ya paja na kusoma kitu kwa midomo tu. Alipomaliza alijipangusa uso.

"Kuna nini hapa?" nilimuuliza.

Hakuniangalia. "Tufike kwanza, baba. Kwenu banakungoja."

Mtu huyu alikuwa amenitania tangu nilipokuwa mtoto, na sasa aliniita baba kwa sauti ya msibani. Nikajua. Nilijua yote kwa mara moja: mkoba wa yule mama wa vitenge, mkate na chai, kikohozi cha mjomba, Mabalako. Nilitaka kumpiga. Nilitaka ageuze lori anirudishe mpakani nikawe mtu asiyejua. Badala yake nilishikilia viatu magotini, kwa sababu hata mimi nilikuwa na wajibu wangu: mpaka nitakapoambiwa, sikuruhusiwa kujua. Tulipita Beni, tukaingia Butembo, nikashuka na kusalimia watu nikitabasamu.

Ua lilijaa. Mama alikuwa amezeeka, mdogo kama mtoto wa shule kifuani kwangu. Walinipa maji nikanawa. Walileta bugali na kuku mzima, na watu wote wakanitazama, kwa maana nisipokula hawawezi kusema. Nilikula. Kila tonge nililipeleka chini kwa maji. Mjomba akaja kukaa kulia kwangu, na mzee wa mtaa kushoto, nikahisi mabega yao yakinibana. Mjomba akasema.

Yaya alikufa siku ile ile niliyoondoka. Lori lilirudi kutoka Kasindi mchana, watu wenye bunduki walikuwa wanangoja kwenye mteremko ule, na yeye alikuwa amekaa juu ya mizigo. Msafirishaji ndiye aliyemleta nyumbani. Kabla sijafika Kampala, kabla sijalala usiku hata mmoja nje ya nchi yangu, yaya alikuwa amelazwa sebuleni na mama amekaa karibu naye. Mama alikuwa amesema neno moja tu kuhusu mimi katika msiba wote, kwa wazee, na wao wakalipeleka kwa kila mchuuzi anayevuka mpaka.

"Nilisema hapana bakuambie," mama alieleza. "Ungejua, ungerudi. Na ile barabara ingenikulia bote wawili."

Walinishika. Mila ile ina akili, maana nilikuwa na mita mbili na kidogo, nao walihitaji kuwa wanne.

Siku zilizofuata nilikwenda kaburini, nikapokea wageni na pole zao. Viatu vile alipewa mtoto wa mjomba. Sikuweza kumtazama mama machoni, na yeye alijua sababu. Siku ya tano, watu walipopungua, alitoka chumbani na redio kaseti yetu ya zamani, mlango wake umefungwa kwa kipande cha mpira wa baiskeli. Aliiweka kwenye kiti kati yetu na kubonyeza. Sauti yangu ilitoka nzitonzito, inavutika. Utepe ulikuwa umechakaa.

"Mama, nisamehe," nilisema. "Izime. Nakuomba."

"Acha."

Tukasikiliza. Mutoto mumoja tu. Unasikia? Mumoja. Nilifunika uso. Mama alikuwa anaangalia redio, kichwa kimeinama upande, kama anavyosikiliza misa.

"Nilisikiliza hii karibu kila siku," alisema. "Majirani banasema nimerukwa. Lakini angalia. Miye nilikuwa nimemuzika. Wajomba bako nao. Batu bote hapa banamwita marehemu. Ni weye tu peke yako ulikuwa unamugombeza kama mutu mwenye iko. Unamuuliza, unamutukana, unangoja ajibu. Nikiweka hii kaseti, mutoto wangu alikuwa anaishi."

Aligeuza upande wa pili, ule wa mchezo, na sauti yangu ya zamani ikaanza kumsimulia yaya juu ya beki aliyenivuta jezi. Nilisikia ninavyocheka. Betri zilikuwa zinakwisha, na kabla ya mipira miwili ya adhabu mashine ikasimama. Mama alijaribu kuigonga kwa kiganja. Haikuwaka.

Akanigeukia. "Sasa na weye umejua," alisema. "Hapana tena mutu mwenye kumungoja." Akanishika mkono, pale pale kwenye kiwiko. "Mugombeze tena kidogo, nisikie."

Nilifungua mdomo. Mimi, mtu wa hasira, sikupata hata neno moja.